Mdomo wa Kukodi

Etelka Barkóczi alicheza filamu tatu tu. Ya kwanza akiwa mjakazi, ya pili binti wa kanali. Ya tatu, mwaka wa 1942, alisimama kwenye stesheni, akamwambia mwanajeshi anayekwenda vitani: "Nenda, mpenzi. Wanaume halisi hawarudi mikono mitupu." Budapest nzima ililia.

Vita vilipoisha, mwigizaji hakupewa kazi bila cheti cha kamati ya uhakiki, iliyochunguza nani aliutumikia utawala ulioshindwa. Jina lake lilibandikwa kwenye geti la jengo analoishi. Mwenye lalamiko aje aseme. Na sauti nzito kuliko zote ilikuwa ya mlinda geti, maana yeye ndiye ajuaye nani kaingia na nani katoka. Geti la Etelka lilikuwa mikononi mwa Mama Rácz.

"Mpelekee kitu," rafiki yake Manci alimshauri. "Mtu haendi kwa mlinda geti mikono mitupu."

Etelka akampelekea kopo la mafuta ya bata bukini, mali adimu kuliko dhahabu majira yale. Mama Rácz alilipokea bila kusema ahsante.

Siku ya kikao Etelka aliingia, akakuta miongoni mwa watu watano mezani yumo Dezső Gergely, mtunzi wa filamu ile ya tatu. Alikuwa na cheti chake tayari.

Mama Rácz akaitwa. "Mpangaji safi," alisema. "Hakumchongea mtu." Etelka akashusha pumzi. Kisha yule mama akatoa kopo kwenye kapu, akalitua mezani, halijafunguliwa. "Ila mwanangu Feri aliitazama filamu yake ya stesheni mara tatu. Ya tatu alitoka sinema akaenda kujiandikisha jeshini, hata umri haujatimia. Kafia Mto Don, huko Urusi. Hiki mrudishieni mwenyewe."

Etelka akamgeukia Dezső.

"Maneno yale kaandika huyu!" alifoka, akimnyooshea kidole. "Mkae naye meza moja, mnihukumu mimi?"

"Taratibu, dada," Dezső alisema, akifuta miwani. "Kalamu yangu ilikodiwa tu."

"Na mdomo wangu je? Niliutoa sadaka?"

Mmoja alicheka, akageuza kicheko kuwa kikohozi. Haikusaidia. Miaka miwili bila jukwaa wala kamera, na karatasi ikatiwa saini tano, ya Dezső ikiwa na mkia mrefu kuliko zote.

Etelka alibeba kopo lake. Hakulia, machozi hayanunui unga. Alibadilisha gauni la binti wa kanali kwa karai na magunia mawili ya viazi, akawa anakaanga maandazi ya viazi sokoni Teleki. Kila Jumapili aliacha mawili ya moto dirishani kwa Mama Rácz. Kwa mwezi mzima aliyakuta yamepoa palepale. Baadaye akaanza kuikuta sahani tupu, imeoshwa.

Miaka miwili ilipotimia, Dezső alikuja kibandani na kurasa mkononi.

"Nabusu mkono wako, Etelka. Nina nafasi yako, filamu mpya. Msichana wa kiwandani anawaaga wenzake wanaokwenda kujenga daraja. Soma hapa."

Etelka akasoma. *Nendeni, wapenzi. Watu halisi hawarudi mikono mitupu.*

"Hata hukujisumbua kubadilisha!"

"Neno zuri halichachi."

Etelka akaikunja karatasi ile, akatia maandazi mawili ndani, akamkabidhi mtunzi yakimchuruzika mafuta vidoleni.

"Usiondoke mikono mitupu, Bwana Gergely. Anayefuata!"