Mkono wa Kuzungushia Cherehani

Bosi alipomvunja mkewe mkono wa kulia, aliwatangazia majirani kwamba mama watoto ameteleza bafuni. Bafu lenyewe lilikuwa kavu tangu juzi, ila nani angembishia msimamizi wa idara ya maji? Mtu ambaye hata viatu vyake vilitembea kwa maringo.

Mkewe ni fundi wa nguo, na cherehani yake ni ya mkono: wa kulia unazungusha mpini, wa kushoto unaongoza kitambaa. Ukiuvunja wa kulia, umevunja na chungu cha watoto. Akahamia kwa dada yake na cherehani yake, kisha akaenda polisi. Bosi, bingwa wa kuwakatia watu maji, akaonja mahabusu kabla ya dhamana. Hapo ndipo wakwe walipoikumbuka njia ya kwa fundi.

"Mwanangu," mama mkwe alianza, sauti imelowa huruma, "ya nyumbani huishia nyumbani. Akifungwa, kazi hana. Hakimu kasema mkipatana, kesi inafutwa."

"Mama, mfupa ulivyolia, jirani alipunguza redio asikilize. Nyumbani gani tena?"

"Basi sema unachotaka, tulete."

"Nataka mkono. Kila jioni aje yeye anizungushie cherehani, hapa hapa barazani, mpaka wangu upone. Mteja akiuliza, aseme ukweli. Siku nikipona, nakwenda kuifuta kesi. Ila kwake sirudi."

Wifi akaruka. "Mwanamume mzima?"

"Kwani mimi nilipigwa na nusu yake, wifi?"

Hakimu akayasikia masharti, akakohoa kuficha kicheko, akaahirisha kesi.

Bosi akaja na shati lake la pasi, akakalishwa kwenye kigoda cha watoto, magoti yakamfika masikioni. Kwa hasira akauvurumisha mpini, uzi ukakatika.

"Taratibu," fundi akamwambia. "Hilo si shavu."

Mteja wa kwanza alikuwa muuza mkaa, ambaye Bosi alishamkatia maji mara mbili. Akajishika kiuno.

"He! Bosi, umehamia ushonaji?"

"Namsaidia tu mama watoto."

Fundi akaondoa mkono kwenye kitambaa. Cherehani kimya.

"Nilimvunja mkono," Bosi akanong'ona.

"Muuza mkaa hasikii vizuri."

"Nilimvunja mkono!"

"Ahaa," muuza mkaa akasema. "Kumbe bafu halina kosa."

Kesho yake nusu ya mtaa ilikuwa na suruali ya kupunguza.

Plasta ilipofunguliwa, daktari alisema mfupa umeunga vizuri kabisa. Fundi akashukuru, akapita duka la dawa, akanunua bandeji, akaufunga upya mpaka kwenye kiwiko.

"Hujapona tu?" Bosi aliuliza jioni ile, jasho likimtiririka. "Hakimu nitamwambia nini sasa?"

"Mwambie bado."

"Mpaka lini, mke wangu?"

Chini ya meza, ndani ya bandeji, vidole vyake vilikunjika ngumi, vikakunjuka, vikakunjika tena bila maumivu yoyote. Akavuta suruali nyingine kutoka kwenye rundo.

"Zungusha."