Bidaar Huinuka, Mimi Nimelala

Mlio ule ninao sikioni hadi leo: twish, twish, kishindo, halafu ukumbi mzima wa video unacheka. Hapo najua Bidaar ameanguka.

Bidaar, yaani kipara, ndivyo tulivyomwita yule mwigizaji wa sinema za karate. Hakuwa sitaringi, yule shujaa wa sinema. Kazi yake ilikuwa kupigwa na sitaringi. Mimi niliuza chai pale ukumbini, mtaani kwetu Garissa, nikamwona akianza kama mbeba sinia anayekufa mapema, akapanda cheo akawa mlinzi wa lango, sasa anakufa kwa kuchelewa kidogo. Nilisema siku moja nami nitaigiza, hata kama ni kuanguka tu.

Kisha homa ikanishika. Inakuja jioni, asubuhi inaondoka, inarudi. Jasho lililowesha mkeka. Magoti yaliuma, kiuno kikakataa kuinuka. Dawa za malaria nilimeza tena na tena, bure. Hooyo, mama yangu, akaniletea maziwa mabichi ya ngamia, yale ya kumpa mgonjwa nguvu. Nikanywa, nikazidi kuugua.

Chai akauza binamu yangu Hibo, tunayeishi naye. Mimi nimelala nyumbani, nyuma ya ukuta wa mabati wa ukumbi, nasikia vishindo, sioni kitu. Jioni anakuja macho yanang'aa.

"Abaayo, dada yangu, leo Bidaar amepewa maneno."

"Amesema nini?"

"'Mshikeni.' Kisha akapigwa."

Niligeukia ukutani. Nilimwonea Hibo wivu. Hata Bidaar nilimwonea: anatupwa kutoka juu ya paa, sinema ijayo yuko wima.

Hospitalini daktari alipima damu. "Ni homa ya mifugo. Maziwa mnachemsha?"

Hooyo alishangaa. "Ya ngamia? Nani anaua dawa kwa moto?"

"Mama, hiyo dawa ndiyo inayomlaza."

Sindano zilinifanya nilale upande. Vidonge, wiki nyingi. Alhamdulillahi, nikakaa, nikasimama nimeshika nguzo, nikatembea. Wewe unayeumwa homa isiyoisha, omba upimwe damu, na usiache vidonge ukipata nafuu.

Kazi ya chai Hibo hakunirudishia. "Wateja wamenizoea," alisema, "na Bidaar sasa ni mkubwa wa majambazi." Wivu ukanirudia upya.

Kesho yake asubuhi wote wa nyumbani walikuwa nje. Niliwasha jiko, nikaweka maziwa yangu. Kikombe cha Hibo kilikuwa kando, kimejazwa mabichi, kinamngoja. Nilikitazama: akiugua yeye, chai ni yangu tena. Kisha nikayamimina nayo sufuriani, nikasimama pale mpaka yakachemka.