Kaburi la Mwenye Nyumba

Nyumba ya Mokeira ilikuwa na vyumba kumi na kimoja, na ukiniuliza mimi jirani yake, kumi vilikuwa vya kuringia tu. Mzungu aliyeijenga pale Nyansiongo aliondoka baada ya uhuru, shamba lake likakatwa vipande, na kura ilipopigwa, kipande chenye jumba kikamwangukia mjane kutoka Birongo mwenye kuku watatu. Wakubwa walinuna. Yeye alicheka mpaka akakaa chini. Kwenye beseni la kuogea la mzungu aliloweka wimbi, akaweka kigoda chake mbele ya meko ya kuotea moto, akasema hahami tena.

Mwaka wa 1972 akaja Nyasani, dalali wa mjini mwenye tai na mkoba. Alimwambia Mokeira kwamba barua yake ya kugawiwa shamba inahitaji muhuri Kisii, na kwa wema wake angeipeleka mwenyewe. Mokeira akampa barua, na chai juu. Nilimwambia amefanya ujinga, na sikumpaka mafuta.

Barua haikurudi. Tulichosikia ni kwamba Nyasani ana hati yenye jina lake na anamuuzia jumba Nyamweya, tajiri wa maduka ya Kisii. Yule mama, alidai, ni kibarua wa kufagia tu. Kama ni kwake, aliuliza, ana kaburi gani pale? Hilo lilimuuma Mokeira, maana mumewe alifariki kabla ya kura akazikwa Birongo. Alilia siku moja nzima. Siku ya pili aliacha.

Asubuhi ambayo Nyamweya angekuja kuona nyumba, Mokeira aliniita nije na jembe, akanionyesha mahali kando ya ukuta. Nikauliza nani amekufa. Akasema bado. Nimechimba makaburi mengi, lakini hilo ndilo la kwanza kuchimba huku mwenye msiba akiniletea uji na kuimba nyimbo za Sabato.

Peugeot ya Nyamweya ikafika, Nyasani akiwa ndani. Nyamweya alipendezwa na kila kitu, hata beseni lenye wimbi. Nyasani alikuwa akisifu madirisha walipopinda kona, wakakuta shimo na nusu ya kijiji imelizunguka. Mokeira akawasalimu kwa adabu zake zote.

"Nyasani mwanangu," akasema, "mtu huzikwa kwake. Umesema hapa ni kwako, basi nimekutayarishia. Simama hapo ukingoni, umwambie mgeni kwamba ukifa uletwe hapa. Ukishasema, mimi nafunga mizigo."

Kwetu mtu anaweza kumdanganya karani, hakimu, hata mchungaji. Lakini kudanganya mbele ya kaburi lililo wazi ni kujiitia kifo.  Nyasani akasema jua ni kali. Nyamweya akamwambia aseme tu, ni maneno machache. Nyasani akautazama udongo, akalegeza tai, akaanza kutembea kuelekea barabarani, kisha akatimua mbio. Mkoba aliuacha. Ndani tulikuta barua ya Mokeira na nyingine nne za wajane wa kule Masimba. Nilicheka hadi mbavu zikaniuma, na sioni haya kusema hivyo.

Lakini Nyamweya hakucheka. Alikuwa bado anaitamani ile nyumba, na mtu mwenye pesa hakosi njia. Akamgeukia Mokeira.

"Na wewe, mama? Wewe unaweza kusema?"

 Mokeira alivua viatu, akanishika mkono, akashuka shimoni. Wanawake wakashika vichwa. Akalala chali kwenye udongo ule mbichi, akanyoosha miguu, akajipima taratibu kama anayejaribu kitanda dukani. Kisha tukasikia sauti yake kutoka chini, imetulia kabisa.

"Upande wa miguu ongeza kidogo. Mimi ni mrefu."

 Nyamweya akavua koti, akalichukua jembe mkononi mwangu, akaongeza yeye mwenyewe.