Mbegu Tatu za Mama Rangi

Wifi yangu ana kucha ambazo hazijawahi kuwa za rangi moja. Ukimpa mkono mwanzoni mwa wiki utaona bluu imejibanza pembeni mwa kidole gumba. Ukimpa siku mbili baadaye utakuta njano. Kaka yangu, aliyekuwa mume wake, alizoea kumtania kwamba hana haja ya kumuuliza ameshindaje kazini, anasoma vidole tu. Kaka yangu ametangulia mbele ya haki. Vidole bado vinasema, na siku hizi ninayevisoma ni mimi, ingawa sijapata jicho la yule bwana.

Anafanya kazi katika duka la rangi. Duka lenyewe ni jembamba na refu, makopo yamepangwa kutoka sakafuni hadi darini, na mwisho kabisa, chini ya dirisha la pekee, ipo meza yake ya kuchanganyia. Wateja humletea vitu vya ajabu: kifungo cha shati, kipande cha kigae, mara moja bibi harusi mtarajiwa alileta kiatu. Wanataka ukuta ufanane nacho. Yeye huchukua kile kitu, hukisogeza dirishani, hukitazama kama anayesikiliza, kisha hurudi mezani na kuanza kupima. Ndiyo maana duka zima linamwita Mama Rangi, hata tajiri mwenye duka, ambaye kwa umri angeweza kuwa baba yake.

Kuna jambo moja la kazi yake ambalo lazima nilieleze, maana yote yaliyofuata yanalitegemea. Rangi zote anazouza, na ni mamia, zinatokana na rangi kali tatu ambazo wenyewe dukani wanaziita mbegu: nyekundu, njano na bluu. Mbegu huvutwa kwa sirinji na kutiwa katika ndoo ya rangi nyeupe. Kwa hiyo kila rangi dukani ni namba tatu tu: vipimo vya nyekundu, vya njano, vya bluu. Wifi anazo kichwani kama mtu anavyojua majina ya wapwa zake.

Basi kiwanda kilichotengeneza mbegu hizo kikafungwa. Tajiri akaleta mbegu kutoka kiwanda kingine. Chupa zilikuwa zimeandikwa vilevile, nyekundu, njano, bluu, lakini rangi zilizomo hazikuwa zilezile.

"Jina moja, watu wawili," wifi aliniambia. "Nikitia vipimo vya zamani napata rangi ya mtu mwingine."

Hilo lisingekuwa balaa kama si ukuta wa zahanati. Fundi mmoja alikuwa anaupaka kwa nje, ukuta mrefu unaotazama barabara, rangi ya ganda la yai. Alipofika mlangoni, katikati kabisa, ndoo zikamwishia. Akarudi dukani kuchukua nyingine, na mbegu za zamani zilikuwa zimebaki matone chini ya chupa.

Tajiri si mtu mbaya. Alimwambia wifi huku akitazama makopo, si uso wake. "Mama Rangi, ule ni ukuta mmoja. Ukitoka na mshono katikati, nitaupaka wote upya kwa hasara yangu. Na hapo itabidi nilete mashine. Mashine haihitaji mtu wa kusimama dirishani; wewe nitakuhamishia ghalani."

Jumapili wifi akaja kwangu. Mimi nafundisha hisabati chuoni. Alikaa jikoni, akakunja mikono, akaikunjua.

"Wifi, wewe si unafundisha hesabu za kugeuza vitu?"

"Nafundisha. Wanafunzi wangu wanageuza vitu mpaka wanasinzia."

"Basi nigeuzie hizi rangi. Nina matone ya mbegu za zamani ya kufanyia majaribio. Nikianza kujaribu rangi moja moja, yatakwisha sijafika popote. Na mimi kwenye ghala siendi, nakwambia kabisa. Nitafanya nini ghalani, nihesabu brashi?"

Nilimwambia hana haja ya kujaribu rangi moja moja. Aulize mbegu tatu tu. Nyekundu ya zamani, peke yake, inakuwa nini kwa mbegu mpya? Halafu njano. Halafu bluu. Kila rangi aliyonayo ni hizo tatu zimechanganywa, kwa hiyo majibu ya hizo tatu yakipatikana, zilizobaki zitafuata kama vifaranga nyuma ya kuku.

"Zote?"

"Zote. Mradi ukitia mbegu mara mbili, jibu nalo liwe mara mbili. Na ukimwaga ndoo mbili pamoja, mbegu zao zijumlike bila kugombana."

"Mbegu hazigombani. Wanaogombana ni wateja."

Sisi tunauita mwenendo wa namna hiyo mageuzi ya mstari, na uzuri wake ndio huo: hulazimiki kujua kila kitu kinakwenda wapi. Unajua misingi, kwetu hapa zile mbegu tatu, inakwenda wapi, basi. Majibu unayapanga ndani ya mabano, kila msingi na safuwima yake kutoka juu kwenda chini, na kile kijisanduku cha namba tunakiita matriksi. Nimekichora ubaoni kwa miaka mingi. Sikuwahi kuona mtu anakisubiri kama wifi alivyokuwa anakisubiri.

Kesho yake alinipigia simu kutoka dukani. Njano ilikuwa rahisi: njano mpya ni dhaifu, inatakiwa mara mbili, na nyekundu thumuni, sehemu moja ya nane ya kipimo. Bluu ya zamani ilikuwa na ukijani kidogo, kwa hiyo bluu mpya inatiliwa njano nusu kipimo. Tatizo lilikuwa nyekundu. Nyekundu mpya imeelemea upande wa njano. Alijaribu kuipoza kwa bluu, ikachafuka. Mwishowe akafanya kinyume: alichukua vipimo vinne vya nyekundu ya zamani, akaviongezea kipimo kimoja cha njano mpya, na hapo ndipo vikalingana na vinne vya nyekundu mpya.

"Safi," nikasema. "Kwa hiyo nyekundu ya zamani ni nyekundu mpya, ukitoa robo ya njano."

"Nitoe? Nitaitoaje njano kwenye ndoo, kwa kijiko?"

"Huitoi ndani ya ndoo. Unaipunguza kwenye ile ambayo ungeitia. Rangi ya zahanati ina njano nyingi, haitahisi."

"Na rangi isiyokuwa na njano?"

Nilimwambia tumalize kwanza ya zahanati.

Jioni alinipitishia kipande cha boksi alichoandikia majibu yake. Namba tisa, tatu kwa tatu. Nilizinakili kama zilivyokaa, nikapiga hesabu. Rangi ya zahanati kwa vipimo vya zamani ni nyekundu vinne, njano vinane, bluu viwili. Jibu langu kwa mbegu mpya lilitoa nyekundu viwili, njano kumi na sita na nusu, bluu sita. Bluu sita zilinishtua kidogo, ila nilikuwa na rundo la mitihani ya kusahihisha, na hesabu ikishatoka watu wa kazi yangu huiamini.

Akachanganya. Fundi alikuwepo dukani kopo lilipofunguliwa.

"Mama Rangi," akasema, "hii ni zahanati au bwawa la vyura?"

Wenzake dukani walicheka, naye fundi hakuwa na nia mbaya. Lakini tajiri alikuja, akachungulia ndani ya kopo, akarudi kaunta. Baada ya muda wakamsikia kwenye simu akiuliza mashine inachukua muda gani kufika.

Nilipotoka darasani nilikwenda moja kwa moja. Wifi alikuwa ameketi mezani pake, kijani kimemtapakaa hadi viganjani.

"Vipimo vyangu viko sawa," akasema kabla sijamsalimu.

"Na hesabu yangu iko sawa."

"Basi aliyekosea ni ndoo."

Tulinuniana kidogo, kama mawifi wa kweli. Niliipiga hesabu upya mbele yake, ikatoka vilevile. Yeye alipaka tena vibao vyake vya majaribio, vikalingana vilevile. Kila mmoja alikuwa sahihi upande wake, na hiyo ndiyo ilikuwa taabu.

"Ngoja," nikasema. "Tuiulize hii matriksi kitu tunachokijua. Tutie nyekundu ya zamani peke yake, kipimo kimoja, bila kingine. Inasema nini?"

Nikashuka na safuwima ya kwanza, kama nilivyoshuka nayo maisha yangu yote. "Nyekundu moja. Njano, ongeza thumuni. Bluu, hakuna."

"Ongeza?"

"Ndivyo inavyosema."

"Mimi nyekundu sijaiongeza njano hata siku moja. Si nilitoa? Si tulisemezana kwenye simu mpaka salio likaisha?" Akainama juu ya kile kipande cha boksi, akaweka kidole chenye kijani juu ya alama ya kutoa. Haikuwa chini ya ile namba moja. Ilikuwa ubavuni mwake. "Hii hapa. Nyekundu, mstari wake huu, kwenda kulia. Dukani tunaandika hivyo. Rangi moja, mstari mmoja."

Nikakaa chini. Yeye aliandika majibu ya kila mbegu kwa kulala, mimi nikayasoma kwa kusimama. Na kwa kuwa mbegu zilikuwa tatu kwa tatu, sanduku lilikubali kusomwa upande wowote. Ingekuwa mbegu tatu za zamani kwa nne mpya, lingegoma mapema.

"Kwa hiyo mraba ni mnafiki," akasema. "Kila anayemjia anamwitikia ndiyo."

Nilizigeuza namba, mistari yake ikawa safuwima zangu. Nyekundu: vinne kutoka kwenye nyekundu, na kimoja kutoka kwenye njano, vitano. Njano: toa kimoja, weka kumi na sita, ongeza kimoja cha bluu, kumi na sita. Bluu: viwili. Alikuwa amekwisha kushika sirinji kabla sijapigia mstari jibu.

Kupaka alikwenda mwenyewe na fundi. Alisimama pale mlangoni mwa zahanati, rangi mpya ikikauka pembeni ya rangi ya zamani, akaitazama ikiwa mbichi, akaitazama ilipokauka, akasubiri jua lihame ukutani ili aione kivulini pia. Watu waliokuja kutibiwa walidhani ni mgonjwa, mmoja akampisha kwenye benchi. Fundi alipitisha kiganja ukutani, kutoka upande huu hadi ule, akarudi.

"Mshono uko wapi?" akauliza.

"Unaniuliza mimi?"

"Nakuuliza wewe uliyekodoa macho kutwa. Mimi sioni."

Naye wifi hakuuona. Tajiri alifika jioni, akautazama ukuta akiwa kwenye gari, hakushuka. Kesho yake habari ya mashine haikutajwa, na kijitabu cha picha za mashine hiyo kilionekana kimewekwa chini ya makopo yanayovuja. Wifi yupo mezani pake mpaka leo. Juu ya meza, ukutani, amepaka namba tisa kwa brashi nyembamba, na pembeni amechora mshale mkubwa unaoelekea chini, ili asije mtu mwingine kama mimi akazisoma vibaya. Rangi zote za duka amezipitisha humo, moja baada ya nyingine.

Moja tu haikupita.

Mlango wa chumba chake ulipakwa na kaka yangu mwaka waliohamia. Aliitaka nyekundu peke yake ndani ya nyeupe, bila kitu kingine, wifi akamchanganyia. Ni rangi tulivu ya waridi. Kwa mlango ni kichekesho kidogo, na kaka alijivunia kichekesho hicho. Siku tulipotoa kitanda alichougulia, chuma kilikwaruza mlango karibu na kitasa, pakabaki jeraha la ukubwa wa kiganja. Wifi alikuwa akisema kila mara ataliziba.

Aliniita nikae naye mbele ya mlango ule. Akanitajia vipimo, ingawa nilivijua: nyekundu, njano sifuri, bluu sifuri.

"Haya, niambie."

Nikamwambia. Nyekundu moja, toa robo ya njano. Na humu hakuna njano ya kupunguza.

"Yaani haipo tena."

"Kwenye hesabu ipo. Ila haiingii kwenye ndoo."

Aliitikia kwa kichwa taratibu. Ndipo nilipokumbuka zile chupa, matone ya mwisho ya nyekundu ya zamani, ambayo yangetosha kabisa kwa jeraha la ukubwa wa kiganja. Aliyamaliza kwenye vibao vya majaribio.

"Ulijua?" nikamuuliza.

"Nilijua pale nilipokuuliza kwenye simu. Ukaniambia tumalize ya zahanati kwanza." Hakusema kwa lawama. "Ningefanya nini, wifi? Mlango haunilishi."

Kisha akaenda uani, akarudi na kopo dogo na brashi. Alikuwa amechanganya nyekundu mpya peke yake ndani ya nyeupe, bila kingine. Akaziba lile jeraha kwa mipigo mifupi, akitazama kwa jicho lake lile la dirishani. Ilipokauka kiraka kilionekana wazi, kimeelemea njano kidogo, kama ngozi iliyopona.

"Nikupigie hesabu ya kukisogeza karibu zaidi?" nikamuuliza. "Pengine bluu kidogo sana."

"Itachafuka," akasema, akifuta vidole kwenye kitambaa. "Acha mshono huu uonekane."