Pumzi Tisa Mlangoni mwa Kaburi

Ranivo alikuwa mpima mpaka wa mwisho katika vilima vya Ambohimavo. Elimu ya mpaka, ile inayouchunguza ukuta ulio kati ya walio hai na waliotangulia, aliisomea miaka kumi na mmoja kwa Mwalimu Ralaimanga, mzee mkali aliyeweza kumfukuza mwanafunzi kwa kukohoa tu. Wasomi wenzake walibishana maisha yao yote kama mpaka huo ni wa mawe au wa maji. Kisha wakafa mmoja mmoja, wakaenda kujionea wenyewe.

Kipimo chenyewe hakikuwa na makuu. Kabla ukoo haujafungua kaburi na kuwatoa wafu wavikwe sanda mpya, mpima alipitisha kamba kwenye ufa ulio juu ya mlango wa jiwe, akaita jina la aliyezikwa wa kwanza, akahesabu pumzi zake mwenyewe mpaka kamba itikisike. Zikifika saba, wafu wako mbali, fungueni mcheze nao. Zikipungua, wako mlangoni, na mlango usiguswe. Ndiyo maana ilikuwa mwiko kupima kaburi la damu yako: mwenye haja huhema haraka, na hesabu yake huongezeka.

Mwaka ule zamu ya kufungua kaburi ilikuwa ya ukoo wa Ranivo, na mpima mwingine hakuwepo.

Tena haja alikuwa nayo. Binti yake wa pekee, Volatiana, alikuwa ameolewa miaka kumi na miwili bila mtoto, na mawifi walishaanza kumtafutia mumewe mke mwingine. Huko kwao, mwanamke wa namna hiyo hupewa kipande cha mkeka waliolalia wafu, akakilalia, akapata mimba. Kaburi lisipofunguliwa, hakuna mkeka, na zamu ingerudi baada ya miaka saba.

"Dada, nguruwe wameshachinjwa," alisema kaka yake, Parany. "Pima upesi tule."

"Haya mambo hayapimwi upesi."

"Basi pima polepole, ila jibu liwe zuri!"

Watu wakacheka. Ranivo akapitisha kamba, akaita jina la babu mkubwa, akaanza kuhesabu. Alikuwa akihema kama mbwa juani, na alijua. Kwenye pumzi ya tisa kamba ilivutwa, mara moja tu, taratibu, kama mtu anayejaribu kama imefungwa vizuri. Alipaswa kusema kipimo kimeharibika. Aligeuka, akamwona Volatiana amesimama nyuma yake, mikono kifuani.

"Tisa," akasema.

Tarumbeta zikalipuka. Wafu kumi na wawili wakatolewa, wakabebwa mabegani, wakachezwa. Lakini miili ambayo zamani ilibebwa na watu wanne wakitimua mbio, safari hii iliwatoa jasho wanaume sita.

"Babu kanenepa huko!" alitania Parany. Kwa maiti ya tatu hakutania tena. Na jioni, walipolirudisha jiwe mlangoni, likagoma kufunga. Wakasukuma mpaka mabega yakachubuka. Ukabaki mwanya wa kupitisha mkono. Mbwa wote wa kijiji wakahamia kilima cha pili, na hawakurudi.

Mwezi wa pili Volatiana akawa mjamzito. Mwezi wa nne tumbo lilikuwa la miezi minane. Wanawake waliokuja na vigelegele wakaanza kupita njia nyingine. Ranivo alikonda kwa hofu, hata asubuhi moja, walipokuwa wakitwanga mpunga, akauacha mchi.

"Mwanangu, nisamehe. Siku ile nilihesabu vibaya."

"Najua, Mama," alisema Volatiana, akaendelea kutwanga. "Na mimi nilihesabu pumzi zangu, hapo nyuma yako. Zilikuwa nne."

"Nne! Na ukanyamaza?"

"Mimi nilikuwa nimetulia. Nilishaamua."

Akaweka mchi chini, akauchukua mkono wa mama yake, akaubandika tumboni. "Ila nakuomba, Mama, msitaje majina ya wafu wetu humu ndani. Mkiyataja, anageuka."

Chini ya kiganja kitu kizito kilijisogeza, kikatulia, kama kinachosikiliza. Ranivo alitaka kuutoa mkono. Lakini binti yake alikuwa akitabasamu kwa mara ya kwanza baada ya miaka mingi, na kwa ajili hiyo tu akauacha palepale.