Mkate wa Ndizi Niliomwokea Baba

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, jua la Dodoma halijaanza kuuma, nami nimepiga magoti uani nikipuliza makaa niliyoyapanga juu ya mfuniko wa sufuria. Ndani ya sufuria ile kulikuwa na mkate wa ndizi. Ulikuwa mkate mbaya kuliko yote niliyowahi kuoka, na laiti ningeukubali ubaya wake siku ile, nisingekuwa na kisa cha kukusimulia leo.

Enzi hizo alitawala Mwingereza. Sisi tulikaa Kizota, nayo Kizota haikuwa na karakana hizi unazoziona. Ilikuwa mashamba ya uwele na miiba, na reli ikipita kando. Baba yangu, Mzee Lazaro, alikuwa mnyapara wa gangi la vibarua wa reli miaka mingi kabla ya kurudi kulima, mtu wa mabega mapana na sauti ya kumfikia aliye ng'ambo ya korongo. Mimi, Yudithi, nilikuwa kifungua mimba wake. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, nafanya kazi ya jikoni kwa mama mmoja wa Kizungu mjini, na huko ndiko nilikojifunza kuoka. Mkate wa ndizi wa yule mama ulikuwa mzito kwa siagi, na sukari yake vikombe viwili. Ukiukata, kisu kinatoka kinang'aa. Nikauleta kwetu, nikatia samli badala ya siagi, na baba akaupenda kupita kiasi. Jioni akirudi kutoka shambani, kabla hata hajanawa, huuliza, "Yudithi, jiko limelala au limeamka leo?" Nami najua anataka nini.

Kisha baba akaanza kukonda. Mtungi wa maji ulikuwa hautoshi siku nzima. Kidonda kidogo mguuni kikakataa kupona. Mama akamkokota hadi hospitali, nami nikafuatana nao. Pale kulikuwa na dresa mmoja, mhudumu wa kupima wagonjwa na kufunga vidonda, kijana mpole wa kwetu Ugogo, aliyetuamkia kwa heshima, "Shikamoo mzee, shikamoo mama." Akachukua mkojo wa baba, akauchanganya na dawa ya buluu kwenye kichupa, akauchemsha juu ya moto. Ile buluu ikageuka rangi ya tofali.

"Mzee, una ugonjwa wa sukari," akasema. "Tutajaribu kuupunguza kwa chakula kwanza. Sukari acha kabisa. Samli kidogo mno. Ugali nusu ya ule uliouzoea. Chakula kikishindwa, ndipo tutaingia kwenye sindano."

Baba akauliza kama mtoto, "Hata mkate wa binti yangu?"

Dresa akanitazama, akatabasamu. "Binti yako aoke mwepesi. Asitie sukari, asitie samli. Nawe ule kipande kimoja chembamba, basi. Hata ndizi ina sukari yake."

Basi ndio mkate ule niliokuwa nikiupulizia makaa. Nilichukua ndizi za njano, ngumu, nzuri kwa macho. Nikaondoa sukari, nikaondoa samli, na nisitie kitu kingine mahali pake. Ulipotoka ulikuwa kama kipande cha udongo wa kichuguu. Baba akakata, akatafuna, akanywa maji, akatafuna tena. Akasema, "Mungu akubariki, mwanangu," akakiweka kipande chake kwenye sahani taratibu, kama mtu anayelaza kifaranga aliyekufa. Hakulalamika hata neno. Mwanangu, upole ule uliniuma kuliko tusi.

Kuuliza si ujinga, wanasema. Lakini mimi niliyepikia Wazungu, nimuulize nani? Kiburi cha ujana kina masikio ya mawe. Jumamosi iliyofuata nikatia sukari. Nusu kikombe tu, niliuambia moyo wangu, na kijiko kimoja cha samli, haviwezi kumdhuru mtu mzima.

Baba alipoonja, macho yake yalirudi kuwa yale ya zamani. "Mama Yudithi! Njoo uonje! Na huu ndio usio na sukari?"

"Ndiyo, baba," nikasema.

Mama akaonja. Akanitazama. "Mtamu sana huu."

"Ni ndizi, mama. Zimeiva."

Mama akanitazama tena, akarudi kwenye mboga yake. Alitaka kuniamini, na baba alitaka zaidi. Wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Mimi nilisifiwa nikazidisha sukari. Nusu kikombe kikawa kikombe, kijiko cha samli kikawa vitatu. Na kwa kuwa aliamini ni mkate wa dawa, baba hakukomea kipande kimoja. Alikula viwili, vitatu, akawaambia wazee kanisani kwamba binti yake amemshinda maarifa hata yule Mzungu wake.

Ilikwenda hivyo kama miezi miwili. Kiu ya baba ilirudi, nikaiona. Kidonda kilikuwa kimeanza kukauka, kikafunguka tena, nikakiona pia. Kila Ijumaa nilijiambia kwamba kesho nitapunguza. Kesho yangu ilikuwa haifiki.

Asubuhi moja nikamkuta baba anafunga mkate mzima kwenye baiskeli yake, ameuzungushia kitambaa safi. "Huu wa Ezra," akasema. Yeye na Mzee Ezra wa Msalato walifanya kazi pamoja relini tangu ujana, na ugonjwa wa sukari ulikuwa umemshika Ezra pia. "Mwenzangu anakula majani kama mbuzi. Nimemwambia aache kulia, Yudithi atamwokea."

Nikasema, "Baba, jua ni kali. Mpelekee wiki ijayo."

"Na wiki hii ale nini?"

Nilikuwa na nafasi ya kusema, mwanangu. Nilikuwa na muda wa kutosha, maana baba alikaza kamba polepole, akaijaribu, akaikaza tena. Badala yake nikamshikia ncha ya kamba. Akainua mguu apande, mguu haukufika. Alianguka ubavuni pamoja na baiskeli, na ule mkate ukabiringika vumbini.

Majirani walileta gari la punda. Njia nzima mama alimpepea kwa ukingo wa khanga yake, na baba alikuwa akihema haraka haraka, midomo imempasuka kwa ukavu. Hospitali dresa akachemsha kichupa chake. Tofali tena, tena tofali lililoungua.

"Mzee, umekuwa ukila nini?"

Baba alijikaza akajibu. "Nimefuata yote uliyoniambia. Muulize binti yangu, yeye ndiye anayenipikia."

Dresa akanigeukia. "Ni kweli?"

Mama ananitazama. Baba ananitazama, na machoni mwake hamna shaka hata chembe. Nikasema, "Ni kweli."

Dresa akaandika. Akasema basi chakula kimeshindwa, atamwambia daktari mkuu aanze sindano, na kipimo kiwe kikubwa, maana mwili unaokataa hata bila sukari ni mwili mkaidi. Mama akauliza kama sindano hiyo ina hatari.

"Ikizidi haja yake ina hatari, mama. Sukari ya mwilini itashuka mno, mtu anaweza kulala asiamke. Ndiyo maana tunauliza chakula kwanza."

Nilishika ukingo wa kitanda nikasema, na sauti sikuitambua kuwa yangu, "Natia sukari. Kikombe kizima. Na samli. Kila Jumamosi, tangu mlipotuambia."

Dresa alifuta alichoandika akaandika upya, akatoka mbio kumtafuta daktari. Mama alikaa chini sakafuni. Baba akageuza uso wake ukutani.

Siku tatu baba hakusema nami. Nilimpelekea uji, akaupokea kutoka mkono wa mama. Siku ya nne, sukari imeshuka na akili imemtulia, akaniita.

"Mkate ule wa kwanza," akasema, "ule mgumu. Ningeutafuna mpaka nife, kama ungeniambia kwamba huo ndio uliopo. Mimi miaka ya njaa nimekula mizizi, Yudithi. Meno yangu hayaogopi kitu. Lakini wewe umenifanya nimdanganye dresa kwa kinywa changu mwenyewe, mzee mzima. Na Ezra je? Angekufa, ningekwenda kumzika nikijua nini?"

Nililia. Hakunizuia. Nilipomaliza akasema, "Sasa nenda kajifunze. Na usiniletee kitu ambacho sikukiona kikitengenezwa."

Nikaenda kwa Mama Sakina. Alikuwa mke wa Mhindi mwenye duka tulikonunua unga, mwanamke Mwislamu wa makamo, mkali wa macho na laini wa moyo. Nikamweleza yote pale pale mbele ya magunia, bila kujipunguzia kosa. Akanisikiliza, akauliza jambo moja tu.

"Ulitumia ndizi gani?"

"Za njano."

"Basi! Binti, mume wangu ana ugonjwa huo mwaka wa saba. Ndizi ya njano bado imefumba mkono. Ngoja iwe nyeusi, ndipo itoe utamu wake. Pale stesheni, zile za treni ya Morogoro zilizochubuka, mbona hununui?"

Nikainama. Nilikuwa naona haya, mwanangu. Binti anayeoka kwa Wazungu aonekane anachagua ndizi zilizooza!

"Haya yako hiyo," akasema Mama Sakina, akinipimia hiliki na mdalasini kwenye karatasi, "ndiyo uliyomlisha baba yako."

Baba aliporudi nyumbani alikaa kwenye kigoda karibu na jiko langu. Kila nilichotia nilimwonyesha kwanza, naye akakichovya kidole. Ndizi nne nyeusi, nikaziponda hadi zikawa uji. Mayai mawili, nikayapiga mpaka mkono ukafa ganzi na povu likasimama lenyewe, maana hilo povu ndilo linalouinua mkate badala ya samli. Maziwa mgando kikombe kimoja. Unga wa ngano kikombe na nusu, wa uwele nusu kikombe. Magadi laini ya dukani kijiko kidogo, hiliki, mdalasini. Samli ni ya kupaka sufuria tu, kwa ncha ya kidole. Na usiukoroge sana, ukikorogwa sana hukasirika. Mchanga chini ya sufuria, makaa machache chini, mengi juu ya mfuniko.

Wa kwanza baba alionja akasema, "Haujaiva katikati." Wa pili, "Magadi yamezidi, nasikia sabuni." Sikukasirika. Nilikuwa na njaa ya maneno hayo. Wa tatu alitafuna kwa muda mrefu, akatazama mbali.

"Si kama ule wa sukari," akasema.

"Si kama ule, baba."

"Lakini huu nitaula." Akala kipande kimoja chembamba, na ugali wa siku hiyo akaupunguza, na hakuomba cha pili.

Wiki chache baadaye kichupa cha dresa kilibaki kijani, karibu na buluu. Sindano akachomwa kidogo, kwa kipimo chake halisi. Baba aliishi miaka minane mingine. Lakini macho yake yalififia, na mwishoni alinijua kwa hatua zangu. Kama ni ugonjwa ungeyachukua hata hivyo, au ni ile miezi yangu miwili, dresa hakusema, nami sikupata ujasiri wa kumuuliza. Majuto ni mjukuu, mwanangu, na wangu nimemlea mpaka nimezeeka naye.

Kwa hiyo unaponiomba nikufundishe mkate mwepesi wa ndizi, nakufundisha kwanza hili. Anayekula mkononi mwako amekukabidhi mwili wake, naye haoni ndani ya sufuria. Kilichokushinda, sema kimenishinda. Chakula kibaya kinavumilika, na mtu anayekupenda atakitafuna nawe mpaka mjue namna. Usimwonee haya anayejua kuliko wewe, hata kama ni jirani tu wa dukani. Na ukiwa umekwisha kusema uongo, usingoje kesho. Useme ukweli huku kamba ya baiskeli ingali inafungwa.

Mungu aubariki mkono wako, mwanangu. Jiko lako lisikose moto, na nyumba yako isikose walaji. Wazee wako wale kwako washibe, walale, na waamke wazima. Amina.