Kinyozi wa Ambler na Jaribio la Tano

Kinyozi hajinyoi, na vuli ile ya mwaka 1926, katika mji mdogo wa Ambler, Iowa, kinyozi Emil Vondracek hakuwa na mteja wa kunyoa pia. Timu ya chuo ya mpira wa Kimarekani, ule wa kukimbia nao mikononi, ilikuwa imeapa: hakuna kukata nywele mpaka washinde. Wanafunzi wakaunga mkono, kisha walimu, kisha mchungaji. Asiyekubali kushindwa si mshindani. Ambler walikubali mara saba mfululizo. Kufikia Novemba chuo kizima kilifanana na mitume, na Emil ananoa mikasi isiyokata kitu.

"Wakikosa na Jumamosi hii," mkewe Bozena alimwambia, "tunafunga duka. Unakwenda machinjioni kwa kaka yangu."

Emil alikuwa na kazi nyingine, ya kujitolea. Siku za mechi alisimama kando ya uwanja ameshika ufito wenye kibao cha namba. Timu yenye mpira hupewa majaribio manne tu ya kuusogeza, kisha mpira huenda kwa wapinzani. Kila moja likiisha, Emil hugeuza namba. Kwa miaka kumi na minane waamuzi walikiamini kibao kile kuliko vidole vyao.

Mechi ya mwisho walicheza na Coulter. Zikabaki dakika mbili, hakuna aliyefunga, na Ambler wako hatua tatu tu kutoka mstari wa goli. Katika jaribio la pili nahodha, Lloyd Hatcher, aliangushwa, kofia ikamtoka, nywele zikamwagika mabegani. Emil alizitazama kama mkulima atazamavyo shamba lililoiva.

Muda si muda Hatcher akapenya na mpira. Ambler wameshinda! Kufikia saa kumi na moja jioni foleni ya kunyolewa ilikuwa imefika posta.

Hatcher alikaa kitini wa kwanza, akisimulia huku Emil akikata. "Kwanza mwenzangu Otto, akarudishwa. Pili mimi, nikala udongo. Tatu Otto tena. Nne mimi, nikateleza. Halafu sasa, mzee wangu, nikainama hivi..."

Mikasi ikasimama.

"Rudia."

Hatcher akarudia, kwa furaha zaidi.

"Hiyo 'halafu' yako ni ya tano, mwanangu. Pale kofia ilipokutoka sikugeuza namba."

"Nyoa bwana!" mtu akapaza sauti mlangoni. "Coulter wameshapanda treni!"

"Umesahau mara moja, Mzee Emil, sahau na ya pili!" Kicheko kikapita foleni nzima.

Emil akamtazama Bozena, aliyesimama na ufagio, tayari kwa mavuno. Bozena akaitazama foleni, kisha mumewe.

"Una hakika?"

"Kibao ni changu, mke wangu."

Bozena akauegemeza ufagio ukutani. "Basi vaa koti. Posta wanafunga saa kumi na mbili."

Emil alikuwa kizingitini, akienda kuwapigia Coulter simu ya maandishi kwamba goli lile halihesabiki, Hatcher alipojiona kwenye kioo: kulia bwana harusi, kushoto Yohana Mbatizaji.

"Mzee Emil! Malizia basi upande huu!"

"Mliapa mpaka mshinde. Hii ni sare."

Hatcher akajifungua kitambaa shingoni, akatoka vilevile na nusu yake. Vuli iliyofuata Ambler walishinda mechi ya nne, na Emil, aliyekuwa akija na kibao chake kila Jumamosi akitoka machinjioni, alimnyoa nusu iliyobaki palepale uwanjani.